Kadi Tatu za Mchomozi

Jumatatu, 4 Machi

Mvua imeanza leo, na leo hiyohiyo nimekabidhiwa mzizi wa choma. Nimefurahi mpaka nimesahau mwavuli ofisini.

Kwa atakayesoma daftari hili nikishazeeka: ofisi yetu hutunga kamusi. Kila mtunzi ana herufi zake, na CH ni yangu. Nimeshamaliza chaki, cheka na chimba, lakini choma ndiyo kazi yenyewe. Tazama ukoo wake: choma, chomea, chomelea, chomeka, chomekea, chomoa, chomoka, chomoza, mchomo, kichomi. Moto umo, sindano imo, maumivu ya ubavu yamo, jua la asubuhi limo. Hao ni watoto wa ndani ya nyumba. Wa nje, wale wa mtaani, hakuna aliyewahi kuwaandika. Mtu akitoa siri yako kwa bosi, amekuchoma. Akikuharibia sifa mbele za watu, amekuchomea picha. Ukimwomba kitu akakataa, amechomoa. Akiondoka bila kuaga, amechomoka. Nataka wote walale chumba kimoja na ndugu zao, chini ya mzizi mmoja. Kutupwa ukurasa wa mwisho sitaki.

Tuna sheria moja ofisini: hakuna maana inayoingia bila kadi tatu. Kila kadi ina sentensi iliyosemwa na mtu hai, jina lake, kazi yake na tarehe. Na watu hao watatu wasijuane. Sheria hiyo niliiandika mimi, miaka tisa iliyopita, na haijawahi kuvuja.

Alhamisi, 7 Machi

Kikao. Mzee Rula amepinga, kama nilivyotarajia. Tunamwita hivyo kwa sababu hupima kila kadi kwa rula ya mbao. Ikizidi kidogo tu anairudisha. Amesema maneno ya mtaani hayakai, msimu ukiisha na yenyewe yameondoka, na yeye hatafuti maana ya kitu ambacho kesho hakipo. Nikamwambia, "Shikamoo mzee, lakini hata sisi kesho hatupo." Watu wakacheka. Yeye hakucheka.

Mhariri Mkuu, mama mpole asiyependa kelele, amenipa mpaka mwisho wa mwezi. Nikileta kadi, tutazungumza. Nisipoleta, ya mtaani yote yatoke, si ya herufi yangu tu, bali ya kamusi nzima. Haya basi. Kamwulizeni aliyewahi kunishinda kwa kadi.

Jumanne, 12 Machi

Mvua kutwa. Leo nimekusanya kadi tano. Nimefika nyumbani nikakuta paa limevuja na mdogo wangu ameshaweka beseni, ameshapiga deki, ameshapika. Ni nesi, zamu zake hazieleweki, lakini mkono wake mwepesi. Nimekula nikalala.

Ijumaa, 15 Machi

Siku kubwa! Ng'ambo ya barabara kuna karakana ya kuchomelea vyuma, na fundi mkuu wake wanamwita Cheche. Mtu wa maneno kwelikweli. Anasema nawe huku kofia ya kioo imefunika uso, sauti inatokea humo ndani kama ya redio.

Walikuwa wanapakia geti kwenye gari. Wanne wanavuta, wawili wanasukuma, jasho na mvua vimechanganyika. Geti likakaa, kamba ikafungwa, ndipo fundi mwenzao akatokea na chai mkononi. Cheche akasema, "Aa, mchomozi wetu kafika! Karibu, pumzika, umechoka."

Nilitaka kumkumbatia. Mchomozi! Kutoka chomoza, lakini jua halimo: ni mtu anayetokea kazi ikiwa imekwisha. Nyumbani kwetu neno hilo lipo tangu nilipohamia baada ya msiba wa mama. Mdogo wangu huwapa jina hilo majirani, mafundi, hata paka. Sikuwahi kuliandikia kadi, nikidhani ni la kwetu tu. Kumbe ni la mtaa mzima! Mtu unakaa na dhahabu sebuleni unaifuta vumbi.

Kadi ya kwanza ya mchomozi: fundi wa vyuma.

Jumatano, 20 Machi

Kadi ya pili: msusi wa saluni ya kona. Sikumwuliza neno, nilimwuliza tu habari za wenzake. Akasema, "Huyu wa kiti cha pili ni mchomozi, anakuja kichwa kimeshasukwa." Nimeandika kwa siri chini ya taulo.

Jumanne, 26 Machi

Kadi ya tatu: mwalimu wa hesabu, foleni ya benki. Hamjui Cheche, hamjui msusi. Niliwauliza wote. Tatu! Mvua imenilowesha mpaka soksi na sikujali.

Alhamisi, 28 Machi

Nimeshinda.

Nilianza na kuchoma ya kutoa siri. Kuchomoa ya kukataa. Mtu mmoja akapiga miayo. Mzee Rula alikuwa anapima kadi zangu moja moja, anazipanga upande wa kushoto, maana yake hana la kusema bado. Nikaona kikao kinanitoka mikononi. Basi nikaisoma ya Cheche, kwa sauti yake, na chai mkononi.

Meza nzima ilikufa kwa kicheko. Kila mmoja alimtazama mwenzake, maana kila ofisi ina wake. Mhariri Mkuu alivua miwani akafuta machozi, akasema, "Hili ndilo neno nililolitafuta maisha yangu yote na sikujua kama lipo." Kisha akauliza kadi ngapi. Tatu, nikasema. Hawajuani? Hawajuani. Akapiga mhuri palepale: maana za mtaani zitaingia chini ya mizizi yake, herufi zote, mradi kadi ziwe safi.

Nyumbani nimemsimulia mdogo wangu. Aliacha kukunja nguo. "Litaandikwa kabisa, dada? Kitabuni?"

"Kitabuni, kwa wino."

"Lakini hilo neno nililianza mimi."

Nilicheka. Nimemweleza kwamba kila mtu hudhani neno limezaliwa jikoni kwake. Ni ugonjwa wa kawaida, wanakamusi tunaujua. Akatabasamu, akaendelea kukunja. Nguo zangu ameziweka juu ya kitanda.

Alhamisi, 4 Aprili

Mdogo wangu amewaambia wodi nzima. Daktari mmoja ameomba nakala.

Jumanne, 9 Aprili

Mvua. Mfereji wa mbele uliziba, nimekuta umeshazibuliwa.

Jumanne, 16 Aprili

Sijui nianzie wapi. Nianzie pale pale.

Kamusi yetu hutaja neno limesikika tangu lini. Nikavuka barabara kumwuliza Cheche, nikiwa na uhakika ataniambia tangu enzi za baba yake.

"Aa, mama kamusi," akasema, "hilo si la zamani. Mwezi wa kwanza. Nesi mmoja alituletea geti kutengeneza bawaba. Huyu jamaa yangu akafika tumeshamaliza. Nesi akamtazama, akasema, 'Kumbe na nyinyi mna mchomozi wenu?' Tulicheka siku mbili. Tangu hapo ndilo jina lake."

"Geti la namna gani?" nikauliza. Sauti ilikuwa yangu lakini nilikuwa naisikia kwa mbali.

"La kijani. Lina ua katikati, jani moja limevunjika."

Geti letu. Mwezi wa kwanza nilirudi kutoka ofisini nikakuta halipigi kelele tena, nikapita.

Sikumuaga vizuri hata. Nikaenda saluni. Msusi alifikiri kidogo tu: "Si yule mteja wangu nesi? Anakuja kila mwezi, anatuvunja mbavu." Nikampigia simu mwalimu wa hesabu. Mtoto wake alilazwa Desemba. Nesi wa zamu alikuwa akiwaita hivyo madaktari wanaokuja kutia sahihi mgonjwa akishapona.

Watu watatu wasiojuana. Wote wanamjua mdogo wangu. Sheria yangu iliuliza kila kitu isipokuwa hilo. Na yeye aliniambia! Alisimama mbele yangu na nguo mkononi akaniambia, nikamcheka.

Hakuna anayejua. Hilo nimelifikiria, siwezi kulidanganya daftari langu mwenyewe. Mzee Rula anapima ukubwa wa kadi, hapimi zilikotoka. Nikinyamaza, neno litaingia, litapendwa, na maana nyingine za mtaani zitaingia nyuma yake, na zile ni za kweli kabisa. Nikisema, mlango ulifunguliwa na neno lisilostahili, na utafungwa.

Jumatano, 17 Aprili

Nimeamua kusema kesho. Lakini ilibidi nianze nyumbani.

Nilimkuta ametoka zamu, miguu iko ndani ya beseni la maji ya moto. Nikamwambia kwamba ni kweli, neno ni lake, na kwa sababu hiyo haliwezi kuingia.

"Sijaelewa," akasema. "Ni langu, kwa hiyo halifai?"

"Tunahitaji watu watatu. Hawa wote wamelipata kwako. Ni shahidi mmoja."

"Na mimi ni nani? Kwa hiyo mimi si watu?"

"Wewe ni mtu mmoja, mdogo wangu."

Alitoa miguu majini. Akaifuta polepole, kidole kwa kidole. "Sawa. Mtu mmoja," akasema, akaenda kumwaga maji nje ilhali mvua inanyesha.

Chakula kilikuwepo mezani. Sikuweza kula, na mimi si mtu wa kususa chakula.

Alhamisi, 18 Aprili

Nilisimama nikasema yote: geti, saluni, wodi. Hakuna aliyecheka safari hii. Mhariri Mkuu alivaa miwani yake tena, akaivuta kadi ya Cheche. "Nilipiga mhuri kwa ajili ya hii," akasema.

Nilimgeukia Mzee Rula nikisubiri anipige la mwisho. Miaka kumi na moja nimemjibu jeuri, nilistahili. Yeye akauliza tu, "Zimebaki maana ngapi za mtaani kwenye mzizi huu?"

"Kumi na sita. Kadi arobaini na nane."

"Umewauliza mashahidi walikoyasikia?"

"Hapana, mzee."

"Basi hatujui kitu," akasema. Hakusema kwa ubaya. Ndivyo ilivyo.

Wameamua hivi: Mzee Rula mwenyewe, mpinzani wangu, atawafuata mashahidi wote arobaini na nane. Akipata maana nyingine moja tu iliyotoka kwenye chanzo kimoja, ya mtaani yote yatatoka, kamusi nzima. Mimi nisimsindikize, nisimwonyeshe njia, nisipige simu. Ana wiki nne.

Kazi ya miaka mitatu ya watunzi sita iko kwenye mfuko wa mzee asiyeitaka.

Jumatatu, 22 Aprili

Mvua. Mzee hayupo ofisini. Rula yake ameiacha mezani.

Alhamisi, 25 Aprili

Kutoka dirishani kwangu naiona karakana. Leo alikuwa pale, amekaa juu ya pipa lililopinduliwa, suruali ameikunja mpaka magotini, viatu vimewekwa pembeni vikauke. Cheche anachomelea, mzee anasubiri cheche ziishe, anauliza, anaandika, anasubiri tena. Saa mbili na nusu. Nilijua atawapa dakika tano na kuondoka na dharau zake. Sikumjua.

Ijumaa, 26 Aprili

Cheche amenipigia kelele kutoka ng'ambo: "Mama kamusi! Mzee wenu anauliza kuliko polisi! Kaniuliza nani alinifundisha kuchomoa, mpaka nimemkumbuka marehemu mjomba!"

Nimejifanya sikusikia. Nimekatazwa.

Jumatano, 1 Mei

Mdogo wangu ananijibu vizuri, anapika, anafua. Lakini haniiti dada. Ananiita "wewe".

Jumanne, 7 Mei

Leo nimetaka kuosha vyombo. Nimekuta vimeoshwa.

Jumatatu, 13 Mei

Mzee amerudi ofisini anakohoa. Amepanga kadi zake. Nimempelekea chai. Ameipokea kwa mikono miwili.

Alhamisi, 16 Mei

Alisoma kwa dakika arobaini, bila kupandisha wala kushusha sauti. Kila maana, kila shahidi, na kila shahidi alilisikia kwa nani, wapi, akiwa na umri gani. Kuchoma ya kutoa siri: mmoja shuleni, mmoja jeshini, mmoja kwa bibi yake. Kuchomea picha: watatu, miji mitatu. Kuchomoa: marehemu mjomba wa Cheche, na wengine wawili wasiomhusu. Maana mbili zimeanguka, si kwa uongo, ila katika kila moja kadi moja haikusimama. Kumi na nne zimesimama. Chanzo kimoja hakipo popote.

Mhariri Mkuu akamwuliza, "Na wewe unasemaje, mzee?"

"Siyapendi," akasema Mzee Rula. "Sikuyapenda nilipoanza, na sasa nina kikohozi juu yake. Lakini yapo. Yana wazazi na yana umri. Yaingie chini ya mzizi, pamoja na ndugu zake."

Nililia. Sioni aibu, nimelia mbele ya kikao na kadi zikalowa, na mzee akazisogeza pembeni haraka.

Sheria yangu imeongezwa mstari: mashahidi waulizwe walikolipata. Ameuandika yeye na nimetia sahihi. Mchomozi limeondolewa. Hata hivyo Mzee Rula akainua kidole. "Neno lenye mwenyewe halitupwi," akasema. "Linawekwa kwenye droo ya yanayosubiri, na mwenyewe anaandikiwa kadi ya kwanza: alilisema lini, wapi, juu ya nani. Likienea, wajukuu wetu watajua lilitoka kwa nani." Akanitazama. "Mlete mdogo wako. Mwandikie wewe."

Jioni nilimwambia. Alifikiri, akasema atakuja Jumatatu kabla ya zamu.

Jumatatu, 20 Mei

Mvua imekatika tangu juzi. Amekuja saa nane, gauni lake la kazi limepigwa pasi, viatu vyeupe. Mzee Rula alimvutia kiti, akamwita mama, akatuacha.

Nilichukua kadi mpya. Nilitaka afurahi, nikamwuliza kwa taratibu zote, kama ninavyowauliza watu.

"Kazi yako?"

"Nesi."

"Ulilisema mara ya kwanza lini?"

Akataja tarehe. Kalamu ilikwenda peke yake kabla sijaelewa. Kisha nikaitazama. Ni siku tuliyomzika mama. Hapana: ni siku *waliyomzika*.

"Wapi?"

"Nyumbani. Barazani."

"Juu ya nani?" Nikaanza kuongea, nikitaja watu mwenyewe: yule binamu, yule jirani, yule shemeji asiyebeba kitu. Alisubiri nikaishiwa.

"Wewe," akasema. "Mama aliugua miezi mitano. Nilikuandikia mara saba. Ulikuwa huko vijijini, unakusanya maneno. Tulipotoka makaburini ukatokea na begi lako limejaa kadi, mama mdogo akaniuliza, nani yule? Nikamwambia, ni mchomozi. Halikuwa neno. Nilikuwa nimechoka tu, sikuwa na jingine."

Nje Cheche alikuwa anagonga chuma. Nikamwuliza kwa nini hakuwahi kuniambia.

"Nimekuwa nikikwambia miaka sita. Ukipita mlangoni chakula kikiwa mezani, nasema, mchomozi kafika. Ulidhani namwambia paka."

Yarabi. Yote yamo humu, nimeyaandika kwa mkono wangu: beseni, mfereji, geti, vyombo. Nimeyaandika kama mtu anayesifia hali ya hewa.

"Kadi inahitaji mfano," nikasema, kwa sababu hicho ndicho ninachojua kusema.

"Andika: mama kazikwa, mchomozi kaingia na begi."

Nimeiandika. Mwandiko wangu ni mzuri, kila mtu husema, na leo ulikuwa mzuri vilevile. Pa "juu ya nani" nimeandika: dada yake, mwanakamusi. Kisha nikaweka kalamu chini.

"Nisamehe, mdogo wangu."

Aliangalia kadi, akaigeuza, akaona nafasi tupu ya jina la msemaji.

"Maliza kwanza kadi yangu," akasema. "Zamu inaanza saa kumi."

Nimeimaliza.